Shajara ya mradi: ulimwengu ni bapa au umepinda? Naitafuta namba mwenyewe

Kuanza

Mradi wenyewe ni huu wadau: nataka nifike kwenye ile namba ya mpindo wa ulimwengu kwa mikono yangu, nianzie kwenye data za Planck ambazo ziko bure kabisa, nitumie laptopu ya kawaida na Python, na nisikubali neno la mtu yeyote mpaka niione namba inatoka mbele yangu. Kila kitabu utakachofungua siku hizi kinakwambia ulimwengu ni bapa, sentensi moja tu, afu wanahamia mada nyingine, na mimi hiyo sentensi imenikaa kooni muda mrefu sana. Bapa kwa kipimo gani? Nani kapima, na kwa rula ipi? Na hicho kipimo kinaweza kukosea kwa kiasi gani?

Kwa wasioijua Planck, ni satelaiti ya Shirika la Anga la Ulaya, ilirushwa 14 Mei 2009 kutoka Kourou kule Guiana ya Ufaransa, ikaenda kukaa kilomita kama milioni 1.5 kutoka duniani, upande ule ambao jua liko nyuma yetu, ikawa inapima mionzi ya maikrowevu inayokuja kutoka kila upande wa anga. Hiyo mionzi ndo mwanga wa zamani kuliko wote tunaoweza kuuona, ulianza safari ulimwengu ukiwa na umri wa miaka kama 380,000, na saivi umepoa mpaka kelvini 2.725. Penzias na Wilson ndo walioinasa mwaka 1964 kwa antena ya Bell Labs pale Holmdel, New Jersey, mwanzoni wakadhani ni kelele ya mtambo wao. Matokeo makuu ya mwisho ya timu ya Planck yalitoka 2018, na mafaili ya spektra yenyewe (yanaonyesha madoa ya joto na baridi ya hiyo mionzi yana nguvu kiasi gani kwa kila ukubwa wa doa) ni madogo tu, bando la kawaida linatosha. Ramani kamili za anga ndo nzito, hizo nimeziacha.

Kwanza pembetatu

Kabla sijagusa programu yoyote nilitaka niwe na uhakika kwamba swali lenyewe nalielewa. Mdogo wangu yuko form six, anasoma PCM, akaniuliza, "Dada, ukisema ulimwengu ni bapa si ina maana hauna unene?" Nikamwambia hapana, nafasi ina pande tatu zile zile, urefu, upana na kina, na hazipungui. Kinachoulizwa ni kwamba ukichora pembetatu kubwa sana humo ndani, kwa miale ya mwanga, afu ukajumlisha pembe zake tatu, unapata ngapi. Zikija nyuzi 180 kamili nafasi ni bapa, ni ile ile ya Euklidi tuliyofundishwa shuleni. Zikizidi 180 nafasi imepinda kwa kujifunga, yaani ukienda mbele moja kwa moja bila kukata kona unaweza kurudi ulipotoka. Zikipungua 180 imepinda kwa kufunguka, na mistari uliyoianzisha sambamba inaachana kadiri inavyoenda.

Na hapo pana jambo watu wengi wanalipita haraka: kupinda huku hakuhitaji kitu cha nje. Huhitaji upande wa nne wa kupindia. Unapima ukiwa humo humo ndani, kwa pembe tu. Hili aliliweka wazi Gauss, Mjerumani, na ndo maana jina lake halikosekani kwenye mada hii. Miaka ya 1820 alikuwa anapima ardhi ya ufalme wa Hannover, na mojawapo ya pembetatu zake ilikuwa kati ya milima mitatu, Brocken, Hohenhagen na Inselsberg, upande mrefu kabisa ukiwa na kilomita kama 107. Kuna hadithi maarufu kwamba alikuwa anaangalia kama nafasi yenyewe imepinda, ila wanahistoria wanabishana sana kama kweli hilo ndo lilikuwa lengo lake. Vyovyote vile, kwa kilomita 107 huwezi kuona kitu. Mpindo ukiwa mdogo unahitaji pembetatu kubwa, na mpindo wa ulimwengu unahitaji pembetatu kubwa kuliko zote zilizopo.

Aliyeunganisha mpindo na vitu vilivyomo ni Alexander Friedmann, Mrusi, kwa karatasi zake za 1922 na 1924 (alifariki 1925, bado kijana, hata habari za galaksi zinavyotukimbia hakuzisikia vizuri). Hesabu zake zinasema kuna densiti fulani ya mpaka. Ulimwengu ukiwa na densiti hiyo hasa ni bapa, ukizidi unajifunga, ukipungua unafunguka. Nimeipiga mwenyewe, kwa kasi ya upanukaji ya 67.4 (kilomita kwa sekunde kwa kila megaparseki, na megaparseki moja ni miaka ya nuru kama milioni 3.26) inakuja kama kilo 8.5 × 10⁻²⁷ kwa kila mita ya ujazo, ambayo ni uzito wa protoni kama 5. Protoni tano tu kwenye mita nzima ya ujazo ndo zinaamua umbo la kila kitu. Nilikaa nikaitazama hiyo namba kwenye skrini kwa muda.

Angalizo kwa atakayefuata mradi huu nyuma yangu: tofauti na ile densiti ya mpaka wanaiandika Ωk, na alama yake iko kinyume na unavyotegemea. Ωk ikiwa hasi, ulimwengu umejifunga. Ikiwa chanya, umefunguka. Andika kwenye karatasi ubandike ukutani.

Rula ya sauti

Sasa pembetatu tunaipataje? Ukiwa Bagamoyo ukaona dau baharini na unajua dau la aina hiyo lina urefu gani, na unajua liko mbali kiasi gani, unaweza kukadiria litaonekana kubwa kiasi gani machoni. Likionekana kubwa au dogo kuliko hesabu yako, basi kitu kimetokea kwa mwanga njiani. Kwahiyo tunahitaji kitu chenye urefu unaojulikana, kikae mbali sana.

Hicho kitu ni sauti. Kabla ya ile miaka 380,000 ulimwengu wote ulikuwa plazma, fotoni zimekwama na elektroni na protoni, na kwenye plazma hiyo mawimbi ya mgandamizo yalikuwa yanasafiri kabisa kama sauti inavyosafiri hewani, ila kwa kasi kubwa mno. Plazma ilipopoa atomi zikaumbika, fotoni zikaachiwa, na sauti ikasimama pale pale ilipofika. Umbali iliokuwa imefika ndo rula yetu.

Nikaandika programu fupi ya kuupiga huo umbali. Kasi ya sauti inategemea uwiano wa maada ya kawaida na mionzi, bila maada ingekuwa kasi ya mwanga gawanya kwa kipeuo cha pili cha 3, yaani asilimia 58 hivi, ila maada inaipa uzito, mwishoni kabisa inashuka mpaka kama asilimia 45. Unaijumlisha kidogo kidogo kutoka mwanzo mpaka ile siku ya kuachiwa (ulimwengu ulikuwa mdogo mara 1090 kuliko sasa) na jibu langu likaja megaparseki 144 na kitu, ukipima kwa ukubwa wa ulimwengu wa leo. Timu ya Planck wanasema 144.4. Nilifurahi sana wadau, kwasababu hii si programu ya mtu, ni intigrali niliyoandika mimi kwa mistari michache.

Na kitu kizuri zaidi ni kwamba kwenye hiyo hesabu mpindo haumo kabisa. Wakati ule ulimwengu ulikuwa mzito mno kiasi kwamba mpindo wowote wa leo ungekuwa hauna athari yoyote. Rula haijui kama nafasi imepinda au la, ndo maana tunaweza kuitumia kuuliza.

302 na 220

Hatua iliyofuata ni umbali. Kwa ulimwengu bapa, kwa namba za Planck, mwanga ule umetoka umbali wa megaparseki kama 13,870, sawa na miaka ya nuru bilioni 45. Gawanya 144.4 kwa 13,870 unapata 0.0104 radiani, karibu nyuzi 0.6. Kwa lugha ya multipoli, namba ambayo ndo inatumika kwenye grafu ya spektra (ikiwa kubwa, madoa ni madogo), unachukua pai ugawe kwa hiyo pembe, inakuja 302.

Afu unafungua faili la data, unachora, na kilele cha kwanza kiko 220.

Hapa nilikwama siku kadhaa na nataka nieleze vizuri kwasababu maelezo mengi ya mtandaoni yanaruka. Wanasema "kilele kiko 220, hiyo ni digrii moja hivi, kwahiyo ulimwengu ni bapa" na ukipiga hesabu mwenyewe unapata 302 unaanza kudhani umeharibu kitu. Huharibu. Yale mawimbi hayakuwa yanacheza yenyewe kwa amani, yalikuwa yanasukumwa na graviti, na graviti yenyewe ilikuwa inadhoofika kwasababu mionzi ilikuwa bado na nguvu kubwa wakati ule, na ule msukumo unayapa mawimbi mwanzo uliosogea. Matokeo yake kilele cha kwanza hakikai kwenye 1 kamili ya ile 302, kinakaa kwenye 0.73 yake hivi. 302 mara 0.73, 220. Kilele cha pili kinakaa karibu 538, cha tatu 810, angalia nafasi kati yao, kwa wastani ziko karibu na ile 302. Nilipopanga vilele vitatu kwa pamoja vikakubali kwa rula moja ndo nikaamini kwamba kweli ile ni sauti, na si mabonde na milima tu ya bahati kwenye grafu.

Kupinda kwa makusudi

Leo ndo siku niliyokuwa naisubiri. Nimechukua CAMB, programu ya Antony Lewis na Anthony Challinor ambayo wanakosmolojia wengi wanaitumia kupiga hesabu ya spektra, nikaacha kila kitu kama kilivyo, nikabadilisha mpindo peke yake. Nikaweka Ωk ya -0.1, ulimwengu umejifunga kiasi. Kilele kikahama kutoka 220 kikaenda karibu 189, maana yake madoa yote ya anga yanaonekana makubwa zaidi, miale imejikusanya njiani. Nikaweka +0.1, kikaenda karibu 250, madoa yamekuwa madogo. Data ya kweli iko 220 na kosa lake halifiki hata moja kamili. Ukiiona kwa macho, grafu tatu kwenye skrini moja, mbili ziko pembeni kabisa na moja imelala juu ya nukta za data, unaelewa kwanini watu walifurahi mwaka 2000.

Maana ilikuwa 2000. Kabla ya hapo miaka ya 90 wanaastronomia wengi walikuwa wanajumlisha maada yote, ile ya kawaida na ile ya giza isiyoonekana, wanapata kama asilimia 30 tu ya densiti ya mpaka, na kwa hesabu hiyo ulimwengu ungekuwa umefunguka, kilele kingekuwa mbali sana kulia. 1998 zikaja supanova za kina Perlmutter, Schmidt na Riess zikionyesha upanukaji unaongeza kasi, yaani kuna kitu kingine kinachojaza, ndo kinachoitwa nishati ya giza. Mwishoni mwa mwaka huo huo 1998, kule Antaktika karibu na kituo cha McMurdo, likarushwa puto lililobeba darubini ya BOOMERanG. Wakati wa kiangazi cha kule upepo wa juu unazunguka ncha ya kusini, kwahiyo puto lilipanda mpaka kilomita kama 37, likazunguka bara zima kwa siku kama kumi na likarudi karibu na lilipoondokea. Kiongozi upande wa Italia alikuwa Paolo de Bernardis na upande wa Marekani Andrew Lange. Aprili 2000 wakachapisha: kilele kiko 197, kosa 6. MAXIMA, puto lingine lililorushwa Texas, likaleta habari zinazofanana mwaka huo huo. 2003 satelaiti ya WMAP ikakibana mpaka 220.1 na kosa la 0.8.

Na ukijumlisha ile asilimia 30 ya maada na asilimia 70 ya nishati ya giza ya supanova, unapata 100. Njia mbili ambazo hazijuani kabisa, moja inaangalia nyota zinazolipuka, nyingine inaangalia sauti ya kale, zikakutana.

Hapa ndo penye utata

Kama ningeishia juzi ningekuandikia "ulimwengu ni bapa" nikafunga laptopu. Ila kwenye lile jaribio niligandisha kila kitu kingine. Nani kanipa ruhusa ya kugandisha? Kasi ya upanukaji yenyewe, H0, hatujaipata kwa njia nyingine, tumeitoa kwenye mionzi hii hii. Kwahiyo nikaruhusu mpindo na H0 vitembee pamoja, na hapo picha ikabadilika kabisa.

Inatokea hivi: ukipinda ulimwengu ukajifunga, madoa yanakuwa makubwa, lakini ukishusha H0 umbali unaongezeka na madoa yanarudi kuwa madogo. Mambo mawili yanafutana. Nikaweka Ωk karibu -0.044 na H0 karibu 54, maada ikapanda mpaka karibu nusu ya densiti ya mpaka, na vilele vyote vikarudi palepale pa kwanza. Grafu mbili, ulimwengu wa aina mbili tofauti kabisa, na kwa macho huwezi kuzitenganisha isipokuwa kule kushoto kabisa kwenye multipoli ndogo, ambako anga ni moja tu na huna nyingine ya kulinganisha, kwahiyo kosa ni kubwa kwa asili.

Na ile -0.044 sikuibuni. Ndo namba iliyotoka kwenye data za Planck 2018 zenyewe, zikiachwa peke yake, joto na upolaraishaji (uelekeo ambao mwanga unatikisikia), bila kusaidiwa na kitu kingine: -0.044, kosa kama 0.018 upande mmoja na 0.015 upande wa pili. Hiyo si sifuri. Novemba 2019 Eleonora Di Valentino, Alessandro Melchiorri na Joseph Silk wakachapisha kwenye Nature Astronomy wakisema wazi kwamba Planck inaelekeza kwenye ulimwengu uliojifunga na kwamba hii inaweza kuwa shida kubwa kwa kosmolojia. Will Handley wa Cambridge naye akafika sehemu inayofanana kwa hesabu zake.

Nilitaka kujua inatoka wapi, nikaikuta kwenye lenzi ya graviti. Mwanga wa kale ukipita karibu na maada njiani unayumbishwa kidogo, na kuyumba huko kunalainisha vilele, vinapoteza ukali. Spektra ya Planck ya 2018 inaonekana imelainishwa zaidi ya inavyotakiwa, kama asilimia 18 zaidi. Ulimwengu uliojifunga una maada nyingi zaidi, lenzi ni nyingi zaidi, kwahiyo unaieleza hiyo ziada. Sasa, lenzi unaweza pia kuipima moja kwa moja, kwa kuangalia jinsi madoa yalivyovutwa sehemu mbalimbali za anga, na ukiongeza kipimo hicho namba inarudi -0.0106 na kosa 0.0065. Imeshasogea karibu na sifuri. Kipimo kimoja kinasema lenzi ni nyingi, kingine kinasema ni ya kawaida, na vyote vimetoka satelaiti moja.

Mwaka 2020 George Efstathiou na Steven Gratton walirudia kwa uchambuzi mwingine wa data zile zile wakitumia eneo kubwa zaidi la anga, na ule mvuto wa kujifunga ukapungua. Baadaye data zikasafishwa upya kuanzia ghafi, na uchambuzi wa 2023 wa toleo hilo ukatoa -0.012 na kosa 0.010, na ile ziada ya lenzi ikashuka mpaka asilimia 4 hivi, ambayo si kitu. Kwa mtazamo wangu hii ndo hoja nzito kuliko zote: ishara ya kweli ukiisafisha data inazidi kuonekana, na hii imekuwa ikififia. Lakini sikubaliani hata kidogo na wanaosema kina Di Valentino walipoteza muda wa watu. Walichofanya ni kuchukua namba iliyochapishwa na wenye data, wakakataa kuifunika na data nyingine kabla hawajauliza kwanini. Bila wao hata mimi nisingejua kwamba neno "bapa" kwenye vitabu limesimama juu ya vipimo viwili vilivyounganishwa, kwamba mionzi peke yake haitoshi kulisema.

Rula ile ile, karibu na nyumbani

Kipimo cha pili ni galaksi. Ile sauti ilipokwama iliacha alama kwenye maada pia, kwahiyo mpaka leo galaksi zinapenda kidogo tu kukaa umbali wa megaparseki 147 kutoka kwa nyingine (imezidi 144 kidogo kwasababu maada iliachiwa baadaye kidogo kuliko mwanga), miaka ya nuru kama milioni 480. Walioiona kwanza ni 2005, timu ya SDSS kwa darubini ya Apache Point kule New Mexico na timu ya 2dF kwa darubini ya Australia, zote mbili zinachora ramani za galaksi. Rula ni ile ile, lakini sasa iko karibu, na ukiwa na rula moja kwa umbali wa aina mbili, H0 na mpindo haviwezi tena kufutana. Ule ulimwengu wa H0 54 unaanguka hapo hapo, galaksi zinaukataa.

Nimeendesha minyororo (programu inajaribu namba maelfu kwa maelfu, moja baada ya nyingine, kuona zipi zinakubaliana na data) kwa programu ya Cobaya, kwanza Planck peke yake kwa lile toleo jepesi lililoandikwa kwa Python tupu, afu Planck na lenzi, afu Planck na lenzi na galaksi za SDSS. Laptopu inafanya kazi usiku kucha, feni inalia, umeme umekatika zaidi ya mara moja, na nawashukuru sana walioandika hiyo programu kwasababu ukiwasha tena mnyororo unaendelea ulipoishia. Subiri mpaka kipimo cha kutulia kishuke chini ya 0.01, usikimbilie kuchora kabla, utaona milima ambayo haipo.

Mchoro wa mwisho: Planck peke yake ni mkia mrefu umelala kuelekea kujifunga, lenzi inaukata, galaksi zinaufanya nukta. Namba yangu inakaa sawa na ya timu, ambayo ni 0.0007 na kosa 0.0019. Yaani kama mpindo upo, hauzidi sehemu chache kwa elfu.

Kwahiyo hivi ndo nitakavyomwambia mtu akiniuliza: hatujaona mpindo wowote mpaka kiwango cha sehemu mbili kwa elfu. Sentensi ndefu kidogo, ila ndo kipimo chenyewe.

Maswali ya mdogo wangu

Kaangalia mchoro akauliza, "Sasa dada, kama ni bapa si hauna mwisho?" Si lazima. Nikachukua mpaka wa 0.004, karibu mara mbili ya lile kosa, nikapiga ukubwa wa nusu kipenyo cha mpindo, inakuja miaka ya nuru kama bilioni 230, wakati tunachoweza kuona kinaishia bilioni 46 hivi. Ulimwengu uliojifunga ukiwa mkubwa hivyo, kwetu utaonekana bapa kabisa. Na hata bapa kamili unaweza kuwa na mwisho bila ukuta, ukitoka upande mmoja unaingia upande wa pili. Hilo nalo wamelitafuta: ungekuwa mdogo hivyo ungeona duara mbili zinazofanana pande mbili za anga. Cornish, Spergel na Starkman wamezitafuta kwenye data za WMAP, hazikuonekana.

Akauliza tena, "Na kwanini iwe karibu na sifuri hivyo?" Hilo ndo swali lililonifanya niipende fizikia. Mpindo kwa kawaida unakua kadiri ulimwengu unavyopanuka, kwahiyo ili leo uwe mdogo hivi, sekunde moja baada ya mwanzo densiti ilitakiwa kulingana na ile ya mpaka kwa usahihi wa tarakimu 15 hivi. Robert Dicke aliliona hilo miaka ya 1960. Alan Guth mwaka 1981 akapendekeza mfumuko, ulimwengu kuvimba ghafla mno mwanzoni kabisa na kunyoosha kila mpindo. Mimi bado nalishika kwa tahadhari, linaeleza vizuri ila ushahidi wake wa moja kwa moja bado unatafutwa.

Na kuna ukomo. Chini ya sehemu moja kwa elfu kumi mpindo hauna tena maana kama namba ya ulimwengu mzima, kwasababu ulimwengu wenyewe una mabonde na vilima vya densiti vya kiwango hicho, huwezi kujua unapima umbo lake au unapima mtaa wako. Sasa hivi tuko mara ishirini juu ya hapo, kwahiyo kazi ipo.

Inayofuata

DESI, kile kifaa kwenye darubini ya Kitt Peak huko Arizona chenye roboti ndogo 5,000 za kushika nyuzi za mwanga, walitoa 0.0024 na kosa 0.0016 mwaka 2024 wakiunganisha na mionzi. Iko upande wa chanya kidogo, ni moja na nusu tu ya kosa, mimi siipi uzito. Ila 2025 wametoa data mpya za galaksi na kwasa (viini vya galaksi vinavyong'aa sana) zaidi ya milioni 14, na hao hao wanaona dalili kwamba nishati ya giza huenda inabadilika na wakati. Hiyo inanihusu moja kwa moja, kwasababu hesabu zote hapo juu nimeshikilia kwamba haibadiliki, na ukiiachia ibadilike mpindo nao unapata nafasi ya kujificha nyuma yake, kama ulivyojificha nyuma ya H0.

Kwahiyo mnyororo unaofuata utakuwa na mpindo huru na nishati ya giza huru kwa pamoja, data za DESI za 2025 na lile toleo lililosafishwa la Planck. Itakuwa polepole sana kwa laptopu hii. Mafaili nshayapakua, faili la mipangilio nimeliandika, likitulia nitaweka mchoro hapa, na mwenye mashine yenye nguvu zaidi aniambie nimtumie tugawane minyororo.